Thorpe peke yake? Hebu tuongee kuhusu Carlisle ya 1912

Watu wakiitaja timu ya Carlisle wanamtaja staa wao Jim Thorpe tu, kana kwamba alicheza peke yake, na mimi nabisha. Mechi 14. Ushindi 12, sare moja, wakapigwa moja. Wakafunga pointi 504 wakafungwa 114. Hiyo ndo rekodi ya msimu wa 1912 wa timu ya shule ya Carlisle kule Pennsylvania, Marekani, na nimekuwa nikiisoma habari yao wiki nzima hii usiku usiku stima ikirudi, mpaka nimeona bora niiandike hapa kabla sijawachosha watu wa maskani, manake wao saa hizi ukiwaambia mpira wa Marekani wanakuangalia tu hivi halafu wanarudi kwa stori za Arsenal.

Kwanza tuelewane, mpira wenyewe si huu wetu wa miguu. Ni ule wa kubeba mkononi, mpira umechongoka kama yai, watu wanagongana kama hawana kwao. Pointi ndo nyingi, kwa hivo ukisikia 65 kwa 0 usidhani kipa alikuwa amelala. Ukiupeleka mpira mpaka nyuma ya mstari wa wenzako hiyo ni tachidauni, na mwaka huo wa 1912 ndo walianza kuipa pointi 6, zamani ilikuwa 5. Baada ya hapo unapata kiki ya pointi moja ya ziada. Na ukiupiga kwa mguu ukapita katikati ya milingoti bila kuubeba mpaka mwisho unapewa 3. Mwaka huo huo uwanja ukafupishwa ukawa yadi 100, na timu ikapewa majaribio manne ya kusogea yadi 10 badala ya matatu. Hizi sheria zinaonekana ndogo lakini zilifungua mchezo, manake miaka michache nyuma mchezo ulikuwa ni kurundikana tu na kusukumana kwa nguvu, na watu walikuwa wanakufa. Wanakufa kikweli, si kwa kusema. Msimu wa 1905 vijana waliokufa uwanjani walikuwa wengi hadi Rais Roosevelt akawaita wakubwa wa vyuo Ikulu akawaambia mrekebishe hii kitu, na mwaka uliofuata ndo pasi ya kurusha mbele ikaruhusiwa. Ile pasi mnayoiona leo kwa televisheni, jamaa anaurusha mbali mwengine anaudaka huko mbele akikimbia, ilitoka hapo.

Sasa timu zenye vijana wakubwa na wazito, za vyuo vya wenye pesa kama Harvard na Yale, hazikuwa na haraka na mambo ya pasi, wao walikuwa na uzito, wakikulalia umeisha. Carlisle hawakuwa na uzito. Wakawa na mbio na akili. Mwaka 1907 waliwapiga Penn, yaani Chuo Kikuu cha Pennsylvania, 26 kwa 6 na Harvard 23 kwa 15, na hizo pasi zao ndo watu wakaanza kuamini kumbe hii kitu inafanya kazi. Na hata kabla ya hapo, 1903, walishawahi kumfichia Harvard mpira, nakwambia walimchomeka mwenzao mmoja anaitwa Charles Dillon mpira mgongoni ndani ya jezi, akatimka nao mpaka mwisho huku Harvard wanauliza uko wapi. Mechi yenyewe walipoteza 12 kwa 11 lakini kicheko kilibaki kwao.

Nani hawa Carlisle? Hapa ndo stori inakuwa nzito. Carlisle haikuwa chuo kikuu. Ilikuwa shule ya bweni ya watoto wa wenyeji wa Marekani, wale tuliozoea kuwaona kwenye filamu za kauboi wakipigwa risasi mmoja baada ya mwengine. Ilifunguliwa 1879 na afisa wa jeshi, Richard Henry Pratt, ndani ya kambi ya zamani ya jeshi, na kazi yake hakuificha: kumchukua mtoto kwa kabila lake na kumrudisha akiwa mzungu wa rangi nyengine. Watoto wananyolewa nywele, wanavalishwa yunifomu za kijeshi, wanapigwa marufuku kuongea lugha ya kwao. Luther Standing Bear, mmoja wa watoto wa kundi la kwanza, alikuja kusimulia mwenyewe jinsi alivyopewa kijiti akaambiwa aoneshe jina kwenye ubao, majina ya kizungu yameandikwa tu pale, na yeye hajui hata kusoma. Alilogusa ndo likawa lake.

Nilipofika hapo nikasimama kidogo. Mtu wa Mombasa akisoma habari kama hizi hawezi kukosa kukumbuka Freretown. Kila siku matatu zinapita pale Kengeleni, kengele iko pale, na familia za wazee waliotolewa kwenye majahazi ya watumwa wakapewa majina ya ubatizo ya Kiingereza ziko mpaka leo, tunasoma nao, tunaoana nao. Lakini si sawa, na sitaki mtu aje anibebeshe hilo. Freretown watu walikuwa wametolewa utumwani. Carlisle mtoto alikuwa na mama yake na baba yake wako hai nyumbani, na akatolewa pale. Kinachofanana zaidi na Carlisle kwangu ni ile disk ya kuvalishwa shingoni ukishikwa unaongea lugha ya nyumbani, na wengi wenu mnaosoma hapa mshawahi kuivaa, msijifanye.

Na kuna makaburi. Watoto wengi walikufa Carlisle, kifua kikuu na magonjwa mengine, wakazikwa pale pale, na ni kuanzia 2017 tu ndo jeshi la Marekani likaanza kufukua na kuwarudisha baadhi yao kwao.

Basi katika shule hiyo ndo ikatoka timu.

Kocha alikuwa Glenn Warner, watu wanamjua kwa jina la Pop Warner, mjanja sana, na mimi namheshimu kama kocha na simpendi kama mtu, sababu zinakuja. Staa alikuwa Jim Thorpe, kijana wa kabila la Sac and Fox kutoka Oklahoma. Kama jina hili hulijui, ni yule aliyekwenda Stockholm Julai 1912 kwenye Olimpiki akachukua dhahabu ya pentathloni na ya dekathloni, zote mbili, yaani mashindano matano na mashindano kumi, halafu vuli akarudi shuleni kucheza mpira kana kwamba alikuwa ameenda dukani kununua mkate. Na kumbuka wakati huo wenyeji wengi wa Marekani hawakuwa hata raia wa nchi, sheria ya kuwapa wote uraia ilikuja 1924.

Msimu wenyewe ulianza na vyuo vya jirani. Albright 50 kwa 7. Lebanon Valley 45 kwa 0. Dickinson 34 kwa 0. Villanova 65 kwa 0. Hizo sizihesabu sana, ni kama kupasha misuli. Halafu Washington and Jefferson, 0 kwa 0, siku ile hakuna kilichoingia, Thorpe na miguu yake yote ile iligoma. Kila timu kubwa ina sare yake ya kijinga, sisi tunajua.

Wiki iliyofuata wakaenda Syracuse. Hii ilikuwa na kisasi ndani yake manake msimu wa 1911 Carlisle walikuwa wameshinda kila mtu, hadi Harvard wamempiga 18 kwa 15 na Thorpe akapiga kiki nne za pointi tatu tatu, halafu wakaenda kupotezea kwa Syracuse pointi moja tu, 12 kwa 11. Mechi pekee waliyofungwa mwaka mzima. 1912 wakawarudishia 33 kwa 0. Pittsburgh akala 45 kwa 8.

Sasa angalia ratiba. Tarehe 26 Oktoba, Jumamosi, wako na Georgetown kule Washington, wanashinda 34 kwa 20. Jumatatu tarehe 28 wako Toronto, Canada! Siku mbili. Kwa treni. Na huko wakakuta sheria za kikwao, wakacheza nusu kwa za Marekani nusu kwa za Canada, wakashinda 49 kwa 1. Muulize mchezaji yeyote wa Bandari, timu yetu ya Mombasa, ladha ya kupanda basi hapa mpaka Kakamega kwenda kucheza, kisha umwambie keshokutwa ana mechi nyengine nchi nyengine. Na hawa walikuwa hawana timu ya kushambulia na nyengine ya kuzuia kama siku hizi, jamaa wale wale wanashambulia, wanazuia, wanapiga kiki, mpaka mwisho.

Kwa nini ratiba ya kikatili namna hii? Pesa. Kiwanja cha Carlisle kwao hakingeingiza watu wa kutosha, kwa hivo mechi za mapato makubwa zote zinachezwa kwa wenzao, Carlisle anachukua fungu lake la viingilio anaondoka. Hizo hela zilikwenda kwenye mfuko wa michezo wa shule, na mfuko ulikuwa mikononi mwa kocha na wakubwa, si wa wale waliokuwa wanavunjwa mbavu. Kwa hivo ikawa timu ya wenye nchi yao ndo timu ya ugenini, wiki baada ya wiki. Watu wanalipa kuja kuwaona. Magazeti yakiandika mechi yanaweka mambo ya kuvua ngozi vichwa na matomahoki, yale mashoka ya kivita, vijana wenyewe wamevaa suti na tai kwenye treni.

Wakapita Lehigh 34 kwa 14. Halafu tarehe 9 Novemba wakafika West Point.

West Point ni chuo cha maafisa wa jeshi la Marekani. Jeshi lile lile. Desemba 1890 wanajeshi wa kikosi cha saba cha farasi waliwaua Walakota, moja ya makabila ya wenyeji, kwa mamia pale Wounded Knee, wanawake na watoto humo, na 1912 ni miaka 22 tu baadaye. Miaka 22 ni kitu gani? Ni kama sisi tukiongea kuhusu mwanzo wa miaka ya 2000, watu wanakumbuka vizuri kabisa. Inasimuliwa kwamba Warner aliwakumbusha vijana hayo kabla hawajaingia uwanjani, na mimi nasema hata kama alisema hawakuhitaji kukumbushwa na yeye.

Upande wa jeshi kulikuwa na kijana anaitwa Dwight Eisenhower. Ndiye. Yule aliyekuja kuongoza majeshi ya washirika Ulaya vita vya pili halafu akawa rais wa 34. Siku hiyo yeye na mwenzake walikuwa na mpango wa kumgonga Thorpe kutoka pande mbili mpaka atoke uwanjani, na kuna mara walimpata kweli kweli, lakini Thorpe akaamka akaendelea. Walipojaribu tena wakagongana wenyewe kwa wenyewe. Mimi hapa nilicheka peke yangu saa sita usiku. Wiki iliyofuata Eisenhower akaumia goti wakicheza na Tufts, na mpira wake kimsingi ukaishia hapo.

Jeshi ndo walianza kufunga, 6 kwa 0. Mpaka hafutaimu Carlisle wako mbele 7 kwa 6. Kipindi cha pili nahodha wa jeshi, Leland Devore, jitu kubwa, akashindwa kuvumilia kijana anaitwa Joe Guyon aliyekuwa anamsumbua muda wote, Mojibwe, yaani wa kabila la Ojibwe, kutoka Minnesota, akamshambulia, refa akamtoa nje. Baada ya hapo ikawa njia nyeupe. Warner alikuwa amekuja na mpangilio mpya, wakimbiaji amewatoa nyuma kawasogeza pembeni huku na huku, kwa hivo jeshi hawajui mpira unaenda na nani na unapitia wapi. Mwisho 27 kwa 6.

Sasa sikiliza. Ukiuliza mtu yeyote anayejua stori hii atakwambia Thorpe aliwapiga jeshi. Thorpe alikimbia siku hiyo mpaka magazeti ya New York yakakosa maneno, sikatai. Lakini nani alifunga? Alex Arcasa, tachidauni tatu. Arcasa! Kijana wa kabila la Colville kutoka Washington, ile ya magharibi si mji mkuu. Na nyengine Joe Bergie. Thorpe siku hiyo hana hata tachidauni moja. Na aliyekuwa anapanga kila shambulizi ni Gus Welch, Mojibwe kutoka Wisconsin, kichwa cha timu, rafiki yake Thorpe, mtu mmoja makini sana. Thorpe alikuwa anawavuta watu wawili watatu wamfuate yeye, mpira unapita kwa Arcasa. Hiyo si kazi ya mtu mmoja, ni timu iliyofanya mazoezi mpaka ikakaa sawa.

Wiki moja baadaye, tarehe 16 Novemba, wakafungwa. Penn, Philadelphia, 34 kwa 26. Hii mechi watu wanaipita haraka na mimi ndo naiona ya maana kuliko zote, manake inakuonesha hesabu ya ile treni. Wamecheza mechi ya maisha yao Jumamosi iliyopita, nyuma ya hiyo Lehigh, nyuma yake Toronto na Georgetown kwa siku tatu, wamechoka, makosa ambayo hawakuyafanya West Point wakayafanya pale. Na bado wakafunga 26. Ile ndo moja waliyopigwa mwaka mzima.

Springfield wakafuata, hiki ni kile chuo cha YMCA, chama cha vijana Wakristo, ambapo mpira wa kikapu ulibuniwa 1891. 30 kwa 24, ngumu, na hapa nakubali, hapa Thorpe alikuwa peke yake, pointi zote 30 zinahesabiwa kwake. Wakamaliza na Brown 32 kwa 0 siku ya Thanksgiving, ile sikukuu ya Wamarekani ya kushukuru mwezi wa Novemba.

Yaliyofuata ni uchafu. Januari 1913 gazeti la Worcester likatoa kwamba Thorpe aliwahi kucheza besiboli ya kulipwa Rocky Mount, North Carolina, 1909 na 1910, vijisenti vya kujikimu tu, na sheria ya Olimpiki wakati ule ilikuwa ukilipwa hata mchezo mwengine wewe si ridhaa tena. Vijana wa vyuo wengi walikuwa wanacheza hivohivo wakati wa kiangazi kwa majina ya bandia, yeye alitumia jina lake. Wakamnyang'anya dhahabu zote mbili. Mtu aliyemkuza miaka yote hiyo, Warner, hakusimama kumtetea. Sasa mnajua kwa nini nilisema simpendi. Thorpe alifariki Machi 1953, miezi miwili tu baada ya Eisenhower kuapishwa kuwa rais. Mwaka 1982 wakamrudishia ubingwa wa nusu nusu, wa kugawana na waliomfuata, na ni Julai 2022 ndo akarudishwa kuwa mshindi peke yake. Miaka 110!

Na Carlisle nako hapakuwa salama. 1914 Bunge la Marekani likaichunguza shule, na waliopeleka malalamiko walikuwa wanafunzi wenyewe, Gus Welch akiwa mbele. Kichwa cha timu, si unaona. Wakaeleza jinsi walivyokuwa wanatukanwa na kocha, na mfuko wa michezo ukafunguliwa ukaangaliwa. Mkuu wa shule akatolewa, Warner akahamia Pittsburgh akaendelea kushinda huko kama hakuna kitu, 1918 shule ikafungwa kabisa, majengo yakarudi jeshini.

Lakini nirudi uwanjani manake najua kuna mtu atakuja kusema sawa, lakini bila Thorpe hao wengine hamna kitu. Msimu wa 1913 Thorpe hayuko, ashaenda kucheza besiboli ya kulipwa New York. Carlisle walibaki na Welch, na Guyon, na wenzao. Wakashinda mechi 10, sare moja, wakafungwa moja. Waliwapiga Dartmouth, moja ya timu kali mwaka ule, 35 kwa 10. Syracuse nao wakapigwa tena. Mwenye jibu aje nalo.